Zebaki ya Minamata na siri ya mganga

Padri au katekista anayefanya kazi kandokando ya machimbo ya zahabu, katika Ituri au katika Kivu ya Kusini, hana haja ya kuelezwa zebaki ni kitu gani. Anaiona ndani ya kichupa kidogo: inang'aa kama feza, inakimbia kama maji, tena ni nzito kuliko chuma. Wachimbaji wanaiita kwa jina la Kifaransa, mercure. Wanaichanganya na mchanga uliooshwa, nayo inashika zahabu. Kisha wanaweka lile donge juu ya moto, zebaki inakwenda na moshi, zahabu inabaki. Kazi ni nyepesi, watoto wanasimama kutazama, na mara nyingi moto wenyewe ni ule ule mama anaopikia bugali.

Mwaka 2013, katika mji wa Kumamoto, inchi ya Japani, mataifa walipatana juu ya kuipunguza zebaki duniani. Mapatano hayo yalianza kushika nguvu tarehe 16 Agosti 2017, nayo yanaitwa Mapatano ya Minamata. Wengi wetu tunalisikia jina hilo pasipo kujua linatoka wapi. Ni jina la mji mdogo wa wavuvi. Tumeona vema kuandika habari ya mji huo, si kwa sababu ya zebaki peke yake, lakini zaidi kwa sababu ya mtu mmoja aliyejua mbele ya wengine, akanyamaza.

Minamata iko katika kisiwa cha Kyushu, kusini ya Japani, kando ya bahari ya Shiranui. Bahari hiyo ni kama ziwa, kwani upande wa pili imefungwa na visiwa vya Amakusa. Wasomaji waliojifunza historia ya Eklezia wanajua Amakusa: ndiko Wakristu walikoinuka mwaka 1637 pamoja na wenzao wa Shimabara, na nyuma ya kushindwa kwao wengine walishika imani kwa kuificha zaidi ya miaka 200, pasipo padri hata mmoja. Watu wa pwani ile walijua kutunza siri. Lakini siri tunayotaka kusimulia ni ya namna nyingine.

Mwaka 1908 kampani moja, iliyoitwa baadaye Chisso, ilijenga kiwanda Minamata. Kwanza kilitengeneza kabidi na mbolea. Kuanzia mwaka 1932 kikaanza kutengeneza asetaldehidi, dawa inayotumiwa kufanya siki kali, plastiki na vitu vingine vingi. Ili kuipata asetaldehidi walitumia zebaki, na maji machafu ya kazi hiyo yaliteremka kwa mfereji mpaka katika hori ya bahari pahali panapoitwa Hyakken. Nyuma ya vita ya pili ya ulimwengu kazi iliongezeka sana. Mji ulikula kwa kiwanda: mishahara, kodi, maduka, hospitali, vyote vilitoka kwake. Mtu aliyeajiriwa pale alihesabiwa mtu mkubwa. Mvuvi alikuwa mtu wa chini. Tunaomba msomaji akumbuke jambo hili, maana bila hilo hataelewa yatakayofuata. Sisi tuliokaa katika miji ya machimbo tunajua ginsi mji mzima unavyoweza kusema kwa kinywa cha kampani moja.

Kwanza walikufa wanyama. Samaki walielea juu ya maji, ndege walianguka kutoka angani. Paka, ambao wavuvi wanawafuga kusudi panya wasitafune nyavu, walianza kuyumbayumba, wakazunguka kama wenye kucheza ngoma, wakajitupa baharini. Watu waliuita ugonjwa huo ugonjwa wa paka wa kucheza ngoma, na wengine walicheka.

Mwezi wa Aprili 1956 msichana mmoja, umri wake karibu miaka 6, aliletwa katika hospitali ya kiwanda. Hakuweza kutembea wala kusema vema wala kushika kijiko. Siku chache nyuma yake aliletwa mdogo wake, ugonjwa ule ule. Na mama akasema ya kama katika nyumba ya jirani kuna mwingine. Mkubwa wa hospitali alikuwa mganga Hosokawa Hajime. Alituma watu kutazama katika vijiji vya wavuvi, na tarehe 1 Mei 1956 alipasha habari kwa ofisi ya afya ya serikali: ugonjwa usiojulikana umetokea, unaharibu ubongo na mishipa ya fahamu. Siku hiyo inahesabiwa kuwa mwanzo rasmi wa ugonjwa wa Minamata. Tunapashwa kumpa Hosokawa sifa yake: hakuchelewa, wala hakuficha.

Wagonjwa walikufa ganzi midomo na vidole. Macho yao yaliona mbele tu, kama mtu anayechungulia ndani ya mwanzi. Mikono ilitetemeka, miguu ilipotea njia, maneno yalikwama. Wengine walipigwa na kifafa, wakalia kama wanyama, wakafa katika majuma machache. Watu waliogopa uambukizo. Wagonjwa walitengwa, nyumba zao zikamwagiwa dawa ya kuua vijidudu, na majirani hawakutaka tena kupita mbele ya mlango. Kwetu wangalitafuta mchawi. Kule walitafuta kijidudu. Katika mambo yote mawili aibu ilimwangukia yule aliyeumwa.

Waganga wa Universite ya Kumamoto walianza kuchungua mwezi wa Agosti 1956. Kabla ya mwaka kwisha walikwisha kutambua ya kama si uambukizo, ila ni sumu ya chuma kizito iliyoingia kwa njia ya samaki na kaa wa hori ile. Mwaka 1957 wakubwa wa jimbo walitaka kukataza samaki kwa nguvu ya sheria ya vyakula. Ministeri ya afya kule Tokyo ikajibu: hakuna hakika ya kama samaki wote wa hori wana sumu, kwa hiyo sheria haiwezi kutumiwa. Tumelisoma jibu hilo mara nyingi na kila mara linatushangaza. Nani angaliweza kupima samaki wote wa bahari, mmoja mmoja? Na mwezi wa Septemba 1958 kampani iligeuza mfereji wake, ikapeleka maji machafu kwenye kinywa cha mto Minamata, upande mwingine wa mji. Haukupita muda mrefu, wagonjwa wapya wakaonekana upande huo. Mtu akitaka kujua chanzo cha sumu ni nini, kampani yenyewe ilikuwa imekwisha kumwonyesha kwa kuuhamisha mfereji.

Mwezi wa Julai 1959 Universite ya Kumamoto ilitangaza jina la sumu: zebaki, lakini zebaki iliyoungana na kaboni, inayoitwa metili-zebaki. Katika matope ya Hyakken walikuta karibu kilo 2 za zebaki katika kila tani. Walipima pia nywele za watu. Mtu wa mbali alikuwa na sehemu 4 hivi katika milioni. Mgonjwa mmoja wa Minamata alikuwa na sehemu 705. Hata watu wa mji wasioumwa walikuwa nayo nyingi. Njia ya sumu ni rahisi kuieleza. Vijidudu na majani madogo ya bahari vinaipokea. Samaki mdogo anavila vingi, samaki mkubwa anakula samaki wadogo wengi, na kila hatua sumu inaongezeka, kwa sababu haitoki upesi mwilini. Mwishoni kuna mtu, na maskini wa pwani alikuwa akila samaki asubuhi, mchana na jioni.

Sasa tunafika kwa paka wa hesabu ya 400.

Hosokawa alikuwa akijaribu dawa na vyakula kwa paka ili kupata sababu ya ugonjwa, na kila paka alikuwa na hesabu yake katika daftari. Mwezi wa Julai 1959, pasipo makelele, alianza kumwaga juu ya chakula cha paka huyu maji machafu yaliyotoka katika sehemu ya asetaldehidi yenyewe. Mwezi wa Oktoba paka alianza kuyumba, kuzunguka, kutoka mate, kugonga ukuta. Waliangalia ubongo wake: ulikuwa umeharibika sawasawa na ule wa wagonjwa. Basi jambo lilikuwa wazi. Hosokawa aliwaambia wakubwa wa kampani. Wakamkataza kuendelea na majaribio kwa maji yale. Akatii. Wakati uleule kampani ilikuwa ikisema mbele ya watu ya kama zebaki yake haina kosa, labda ni mabomu yaliyotupwa baharini na wanajeshi mwisho wa vita, labda ni samaki waliooza. Mganga wake alikuwa na daftari mezani, naye hakusema neno.

Wanafunzi wa teolojia ya maadili watatambua upesi namna ya swali hili. Si siri ya maungamo, ambayo haifunguliwi kwa sababu yoyote. Ni siri ya kazi. Katekisimu ya Eklezia Katoliki, katika hesabu ya 2491, inafundisha ya kama siri ya kazi inapashwa kutunzwa, ila si pale ambapo kuitunza kutaleta mazara makubwa sana kwa mwenye siri, au kwa aliyeipokea, au kwa mwingine, na hakuna njia nyingine ya kuyazuia mazara hayo isipokuwa kusema kweli. Kwenye karatasi, jibu ni jepesi. Lakini tumtazame mtu mwenyewe: mzee karibu miaka 60, ameitumikia kampani kwa miaka mingi, hospitali ni ya kampani, wauguzi ni wa kampani, mji wote unaishi kwa kampani, tena alitumaini ya kama akibaki ndani ataweza kusaidia polepole. Kweli, mbele kidogo aliruhusiwa tena kufanya majaribio, matokeo yakawa yale yale, na hayo nayo hayakutangazwa. Mwaka 1962 aliacha kazi. Sisi hatumhesabu kuwa mtu mwovu. Ndiyo maana habari yake inatuogopesha zaidi kuliko ile ya wakubwa wake.

Nini kilipita katika miezi ile ya kimya? Tarehe 2 Novemba 1959 wavuvi walivunja milango ya kiwanda na kuharibu ofisi. Siku chache nyuma yake mkubwa wa mji, pamoja na vyama vya wafanya biashara na sendika, walikwenda kwa Guverneri kumwomba maji ya kiwanda yasisimamishwe, kwani mji utakufa njaa. Mwezi uleule kamati ya ministeri ya afya ilisema wazi ugonjwa unatoka kwa zebaki iliyo ndani ya samaki. Kamati ikavunjwa palepale. Mwezi wa Desemba kampani ilifungua kwa sherehe mtambo wa kusafisha maji, na mkubwa wake akanywa bilauri ya maji mbele ya watu. Kumbe mtambo ule haukufanywa kwa kuondoa zebaki, wala maji aliyokunywa hayakutoka katika asetaldehidi.

Na tarehe 30 Desemba 1959, sikukuu ya mwaka mpya ikikaribia na nyumba hazina kitu, wagonjwa walitia mkono katika karatasi. Kampani haikukubali kosa; iliita feza zile feza za kuwapa pole. Kwa mfu mmoja, yen 300,000, ndiyo kusema karibu dolari 830 za wakati ule. Kwa mtoto aliye mgonjwa, yen 30,000 kwa mwaka. Na ndani ya karatasi mlikuwa na neno hili: hata ikionekana baadaye ya kama ugonjwa umetoka kwa kiwanda, wagonjwa hawatadai kitu tena. Mwenye kuandika neno la namna hiyo, alikuwa hajui kweli? Paka wa 400 alikuwa amekwisha kufa tangu Oktoba.

Kiwanda kiliendelea na kazi miaka 8 tena.

Katika miaka hiyo jambo jingine lilijulikana, ambalo waganga hawakulidhania. Katika vijiji vile walizaliwa watoto wasioweza kukaza shingo, wasiotambaa, wasiosema. Waliambiwa ni ulemavu wa kawaida, kwani hawakupata kula samaki, na vitabu vyote vilifundisha ya kama kondo la nyuma linamlinda mtoto na sumu. Mganga kijana, Harada Masazumi, alikwenda nyumba kwa nyumba. Mama mmoja alimwambia: mimi nilikula samaki wale, na mtoto alikuwa tumboni mwangu, sumu imekwenda kwake. Mama alikuwa ameelewa mbele ya Universite. Mwisho wa mwaka 1962 watoto 16 walihakikishwa kuwa wagonjwa tangu tumboni. Mama zao wengi walionekana wazima, kwa maana mtoto alikuwa amepokea sumu ya mama. Baadaye Harada alitafuta hakika kwa njia ambayo watu wa kwetu wataifahamu. Sisi kitovu cha mtoto tunakizika. Wajapani wanakikausha na kukiweka katika kisanduku kidogo cha mti, ukumbusho wa mama na mwana. Vitovu hivyo vilipimwa, na zebaki ilikuwa ndani yake, imeandika mwaka kwa mwaka kazi ya kiwanda.

Mwaka 1965 ugonjwa uleule ulitokea mbali, katika jimbo la Niigata, kando ya mto Agano, chini ya kiwanda cha kampani nyingine iliyofanya asetaldehidi kwa namna ileile. Kama kweli ya mwaka 1959 ingalisemwa, labda watu wa Agano wangaliokoka. Mwezi wa Mei 1968 Minamata iliacha kutengeneza asetaldehidi kwa zebaki, si kwa huruma, ila kwa sababu njia mpya ya kuitengeneza ilikuwa imepatikana. Mwezi wa Septemba mwaka uleule, nyuma ya kazi kuachwa, serikali ilitangaza ya kama chanzo cha ugonjwa ni kiwanda. Neno moja la mwaka huo linastahili kukumbukwa: mwezi wa Agosti sendika moja ya wafanya kazi wa Chisso iliandika ya kama inaona haya, kwa kuwa haikupigana hata kidogo kwa ajili ya wagonjwa.

Mwaka 1969 jamaa kadhaa za wagonjwa zilipeleka kampani mbele ya tribinali. Kampani ilijitetea: hatukuweza kujua. Basi waamuzi walimwendea Hosokawa. Alikuwa amelazwa Tokyo, anaumwa na kansa ya mapafu. Tarehe 4 Julai 1970, juu ya kitanda cha hospitali, alisimulia habari ya paka wa 400: siku gani alianza, maji gani, aliwaambia nani, walimjibu nini. Alikufa mwezi wa Oktoba mwaka uleule. Tarehe 20 Machi 1973 tribinali ya Kumamoto iliwapa wagonjwa haki. Ikasema kampani ilikuwa na kosa, na karatasi ya mwaka 1959 ni bure kabisa, kwani ilitumia umaskini na ujinga wa watu, kinyume cha desturi njema. Tangu hapo zaidi ya watu 2,000 wametambuliwa rasmi kuwa wagonjwa, na wengine maelfu wamepewa msaada pasipo kupata jina hilo.

Tunarudi kwetu. Tusichanganye mambo: zebaki ya mchimbaji si ile ya Minamata sawasawa. Kiwanda kile kilimwaga metili-zebaki iliyokwisha kuwa tayari. Mchimbaji anatumia zebaki yenyewe, ile inayokimbia. Nayo ina njia mbili. Njia ya kwanza ni moshi: hauna rangi wala harufu, unaingia mapafuni, unafika kwenye ubongo na mafigo, unaleta kutetemeka na kusahau. Anayechomea nyumbani anawapa moshi huo mke na watoto wake. Njia ya pili ni mto: zebaki inayomwagika inashuka katika matope, na huko vijidudu vinaigeuza polepole kuwa metili-zebaki, hapo tunaikuta njia ya Minamata, kwa samaki na kwa mama mwenye mimba. Leo machimbo ya mikono ndiyo chanzo kikubwa kuliko vyote cha zebaki inayotupwa angani na watu. Mapatano ya mwaka 2013 yanataka kuchoma kwa wazi kukomeshwe, sana sana katikati ya makao. Na kuna vyombo vilivyofungwa, vyenye mrija, vinavyoushika moshi na kuurudisha kuwa zebaki, hata mchimbaji anapata faida. Papa Fransisko alitaja sumu hiyo ya machimbo ya zahabu mwaka 2015, katika Laudato si', hesabu ya 51. Katekista aliye na jumuiya pale penye machimbo anaweza kusema mambo haya kwa maneno machache, na watu wanayafahamu, kwani wamekwisha kuona mikono inayotetemeka.

Huko Minamata, nyavu ziliwekwa baharini mwaka 1974 kusudi samaki wa hori wasitoke, zikaondolewa mwaka 1997. Kati ya mwaka 1977 na 1990 matope yenye sumu nyingi zaidi yalivutwa, yakafungwa nyuma ya kuta za chuma, yakafunikwa na udongo safi. Hektari 58 za bahari zimekuwa inchi kavu. Leo ni bustani, watu wanatembea, watoto wanacheza mpira. Zebaki ingali chini yake. Wale waliozaliwa na ugonjwa wamekuwa wazee sasa, na mama waliowabeba mgongoni, wengi wamekwisha kufa.